Nafasi Haitoshi

Mama alisoma maneno yale ya kwenye kioo cha kompyuta kwa sauti, polepole, kama alivyokuwa akisoma barua za wakubwa wake kabla ya kuzipeleka kusainiwa. Kiingereza chake kilikuwa cha ofisini, kila herufi inatamkwa, hata zile ambazo wenyewe hawazitamki. Alipomaliza alinigeukia, akisubiri nimtafsirie kitu ambacho alikuwa ameshakielewa.

"Inasema diski imejaa," nilisema. "Hakuna nafasi."

"Na yenyewe?"

Alisema bila kucheka, lakini nilijua anacheka. Mwaka ule kila bahasha ya kaki niliyopokea kutoka wizarani au kwenye kampuni ilikuwa na sentensi ileile: tunasikitika kukuarifu kwamba kwa sasa hakuna nafasi. Nilikuwa nimemaliza chuo kikuu Dar es Salaam, nikarudi Dodoma na shahada ya sosholojia iliyoviringishwa ndani ya bomba la plastiki, nikalala kwenye kitanda changu cha utotoni nikisubiri kuitwa. Sikuitwa. Sasa hata kompyuta ya mama pale sebuleni ilikuwa imeanza kuzungumza kama wizara.

Kompyuta ile ilitokana na kupunguzwa kazi. Mama alikuwa katibu muhtasi serikalini tangu hajaolewa, na ofisi yake ilipohamishiwa Dodoma alihama nayo. Kisha ikaja miaka ile ya kupunguza watu. Yeye ndiye aliyekuwa akichapa barua za kuwaachisha wenzake, na siku moja alikuta ya mwisho kwenye fungu ina jina lake. Aliichapa. Anasema hakukosea hata herufi.

Kiinua mgongo kilipotoka, watu walimshauri anunue mashine ya kusaga, au friji auze barafu. Alikwenda kwa Mhindi mwenye duka la picha mjini, ambaye siku hizo alikuwa ameanza kuleta kompyuta zilizotumika kutoka Dubai, akanunua moja pamoja na printa yake. "Mama, hii hutaijaza maisha yako yote," yule bwana alimwambia, akiipigapiga mgongoni kama ng'ombe wa mnadani. Mama aliyarudia maneno hayo kwa kila mgeni. Aliiweka kwenye meza iliyokuwa ya chakula, nasi tukahamia kula kwenye mkeka. Akaifunika kwa vitambaa vya kufuma, kimoja cha kioo, kimoja cha kibodi, kimoja kirefu cha printa, kwa ajili ya vumbi la Dodoma ambalo hata ukifunga dirisha linaingia. Kila asubuhi alifunua, akafuta, akafunika tena hadi mteja aje. Vumbi ndilo kitu pekee alichokubali kufuta kwenye mashine ile.

Na shida yote ilianzia hapo. Mama alijifunza kazi kwenye mashine ya chapa, wakati ambapo kufuta lilikuwa jambo la aibu. Ukikosea unapaka wino mweupe, na ukurasa wenye wino mweupe haupelekwi kwa mkubwa, unaurudia wote. Na kila barua inayotoka lazima iache nakala nyuma. Barua isiyo na nakala, alikuwa akisema, haijaandikwa. Kwa hiyo alipoanza kuchapa kadi za harusi na mialiko ya sendofu, zile sherehe za kumuaga binti kwao, alifanya kama alivyofundishwa. Kadi ya Bwana na Bibi fulani aliichapa na kuihifadhi kwenye faili lake. Kadi ya Mchungaji na familia, faili lake. Wageni mia, mafaili mia, na yote ni kadi ileile; kilichobadilika ni jina mahali penye vidoti.

Nilijaribu kumweleza.

"Mama, unaweza kubadilisha jina, ukachapa, ukabadilisha tena, bila kuhifadhi."

"Halafu mtu akija kulalamika kwamba hakualikwa?"

"Atalalamika kwa wenye harusi."

"Na wenye harusi watakuja kwa nani?"

 Nilikwenda uani kutafuta jibu, nikalipata zuri, nikaliona lina kasoro, nikalitengeneza, na nilipomaliza mama alikuwa ameshachapa kadi nyingine na kuzihifadhi zote.

Kazi iliyokuwa mezani mashine ilipogoma ilikuwa ya harusi ya watu wa Makutupora, wenye mashamba ya zabibu. Ilikuwa kazi kubwa, na katibu wa kamati yao, mwalimu mmoja wa kike mwenye sauti ya paredi, alikuwa amepita jana yake kukumbusha.

"Mama, Jumamosi kadi ninazo mkononi?"

"Jumamosi unazo."

"Maana pale karibu na stendi kuna kijana kafungua. Kompyuta tatu, na feni."

"Feni inachapa?"

Mwalimu alicheka hadi akashika mlango. "Haichapi, mama yangu. Lakini unasubiri huku unapepewa."

Mama alicheka naye. Mwalimu alipoondoka mama alibaki amekaa, mkono juu ya kitambaa cha printa. Tangu yule kijana afungue, wateja wetu walikuwa wanapungua kimyakimya, hivi kwamba hukuweza kusema nani ameondoka. Makutupora ndio waliokuwa wamebaki, na nyuma yao kulikuwa na shemeji zao na majirani zao wenye mabinti. Sote wawili tulijua: kadi hizi zisipotoka, meza ile ingerudi kuwa ya chakula.

"Haya," aliniambia. "Wewe si umesoma?"

Neno lile lilinifuata nyumba nzima mwaka ule. Redio ikikwaruza, wewe si umesoma. Dawa ya mbuzi ina maandishi ya Kifaransa, wewe si umesoma. Chuoni kompyuta zilikuwa ndani ya chumba chenye kufuli, na mimi niliingia mle mara chache, nikakaa nyuma ya wengine wawili, nikanakili walichofanya. Lakini nilivuta kiti.  Niliwaza kwamba nikibonyeza vibaya nitaua kila kitu. Halafu nikawaza kwamba nisipobonyeza kitu, kila kitu kimeshakufa tayari.

Nilichokikuta hakikuhitaji elimu. Kadi za watu wote waliowahi kupita kwenye meza ile, ukizijumlisha, hazikuwa na uzito wa maana. Uzito wote ulikuwa kwenye fungu moja la mafaili, ambalo mama aliliita SENDOFU, bila jina la mtu, kwa sababu kwake ilikuwa moja tu. Ilikuwa ya dada yangu.

Kwa dada, mama hakutaka maua ya kuchora. Alikwenda tena kwa Mhindi wa picha, akaazima skana yake kwa mchana mmoja, akaibeba imeviringishwa kwenye kanga kama mtoto mchanga, akaingiza picha ya dada aliyopigwa studio. Picha hiyo ikakaa katikati ya kadi. Kisha mama akamwalika kila mtu: wa ofisini waliobaki na waliopunguzwa, wa kanisani, wa Mpwapwa anakofanya kazi baba, majirani, diwani. Kila mmoja na faili lake, na ndani ya kila faili, dada yangu mzima na rangi zake zote, ameweka mkono chini ya kidevu. Faili moja lilikuwa kubwa kiasi kwamba halikuingia kwenye diski ya flopi. Niliwahesabu akina dada wale kwenye kioo hadi macho yakachoka.

"Mama," nilisema, "ni hizi."

Alitazama juu ya bega langu.

"Hizo usiguse."

Na hapa inabidi niseme jambo ambalo nyumbani lilikuwa halisemwi. Siku chache kabla, mzee jirani yetu alikuja na ujumbe. Yeye ndiye aliyekuwa na simu katika mstari wetu wa nyumba, na dada alikuwa amepiga kutoka Tabora, alikoolewa.

"Amesema hivi," mzee alituambia, amesimama wima mlangoni. "Mwambie mama nakuja kupumzika kidogo. Basi."

"Sauti ilikuwaje?" niliuliza.

"Mimi nilikaa masjala maisha yangu yote, binti. Napokea, nafikisha. Sauti haikuandikwa."

Nililala na sentensi ile. Kupumzika. Mtu aliyeolewa hajatimiza miaka miwili, hana mtoto, anapumzika nini? Na kwa nini kidogo? Kama kweli ni kidogo, mtu hasemi kidogo. Anasema naja wiki hii, narudi siku fulani. Kidogo ni neno la mtu asiyejua tarehe ya kurudi. Nilimwambia mama haya yote wakati anachambua mchele. Alisema, "Amesema anakuja kupumzika," akaendelea kuchambua. Tangu hapo, kwa kila aliyeuliza, dada alikuwa anakuja kupumzika. Kwa baba, alipopigiwa simu Mpwapwa, vilevile. Baba aliuliza tu kama mvua imenyesha Dodoma. Wakati huo mvua hainyeshi Dodoma.

Kwa hiyo zile zilikuwa kadi za kumuaga mtu aliyekuwa njiani kurudi. Mimi niliona hivyo na mama aliona hivyo. Mashine peke yake ndiyo iliyoona ni mafaili.

Nilipomsisitiza, mama alitoa hoja ya kiserikali. Serikalini, alisema, nyaraka haziharibiwi na mtu mmoja. Kunakaa kamati, zinapitiwa moja baada ya nyingine, wanakubaliana, ndipo zinachomwa. Nilidhani anatafuta njia ya kuchelewesha. Lakini Alhamisi baada ya chakula cha mchana alimwita mzee wa masjala, akavuta viti vitatu mbele ya kompyuta, akavaa miwani.

"Shikamoo, mzee," nilisema.

"Marahaba, msomi wetu. Akidi imetimia?"

"Tupo watatu," mama alisema.

"Inatosha kuchoma hata wizara. Lete la kwanza."

Mzee alikuwa na maslahi yake katika kikao kile. Kila jioni alikuja kucheza karata kwenye kompyuta ya mama, peke yake, akigombana na mashine kwa sauti ya chini. Nilipotaja kwamba tungeweza kuondoa michezo, alinyoosha kidole.

"Hilo ni faili hai. Lina matumizi ya kila siku. Ruka."

Tuliruka. Tukaenda kwenye kadi za wateja wa zamani, na hapo nikaelewa kwa nini serikalini mambo huchukua muda. Kila kadi ilifunguliwa. Kila kadi ilikumbukwa. Hawa walikodi ukumbi, umeme ukakatika. Huyu bibi harusi sasa ana mapacha, usimfute mtu mwenye mapacha. Huyu bwana harusi alifariki. Mama alifuta miwani, wakaipita. Hawa walikuja kuchukua kadi wakasahau moja, mpaka leo iko kwenye droo. Jua lilihama kutoka mlangoni likafika mguuni pa meza, na sisi tulikuwa hatujafuta hata herufi.

"Tuanze na zisizo za watu," mzee alisema mwishowe. "Hizi hapa ni za nani?"

Zilikuwa barua zangu za kuomba kazi.

"Zimeshajibiwa?" aliuliza.

"Zimejibiwa."

"Zimejibiwaje?"

"Hakuna nafasi," mama alimjibu kwa niaba yangu.

"Basi. Shauri limefungwa. Futa."

Nilizifuta. Sikujua kama niumie au nicheke, na nilipokuwa bado naamua, mzee alishataka nyingine. Tukapata kasi. Tukafuta maua ya kuchora, njiwa wawili wawili, risala ya mtu aliyegombea udiwani akakosa, ratiba za vikao vilivyokwisha. Mzee alikuwa akisema "imepita" na kugonga meza. Mama alitabasamu. Kwa muda mfupi tulikuwa ofisi nzima yenye kazi.

Kisha mama akajaribu kuhifadhi kadi ya kwanza ya Makutupora. Ile sentensi ikarudi vilevile, haikupungua hata neno.

Nilitafuta sababu. Vyote tulivyovifuta vilikuwa vimelala ndani ya kile kipipa cha taka kilichochorwa pembeni mwa kioo. Mashine ilikuwa imevihamisha tu.

"Aa," mzee alisema, kama aliyekutana na mtu wa kwao. "Faili likifungwa haliondoki. Linashushwa stoo. Mashine hii ilifanya kazi serikalini."

"Inabidi tumwage pipa," nilisema. "Ila pipa likimwagwa, havirudi tena."

Nilibonyeza, na mashine ikauliza kama nina uhakika. Nataka kusema ukweli kuhusu swali lile. Watu wengi hulipita kama mlango ulio wazi. Mimi nililisoma lote, na kila nilipofika kwenye neno uhakika nilijichunguza, na sikulikuta ndani yangu. Nina uhakika na nini mimi? Mzee alingoja, akakohoa.

"Anauliza nini?"

"Anauliza kama tuna uhakika."

"Mwambie kamati imekaa."

Nilibonyeza. Pipa likamwagika. Tulichopata kilikuwa cha kutosha kadi chache tu. Barua zangu zote na njiwa wote havikufikia uzito wa dada mmoja. Kabla ya jua kuzama mashine ilikuwa imejaa tena. Mzee aliitazama SENDOFU pale kwenye kioo, akamtazama mama, akachukua kofia yake juu ya printa.

"Kikao kinaahirishwa," alisema taratibu. "Hilo lililobaki si la kamati."

Mama alikwenda jikoni. Nilimfuata, nikasimama mlangoni. Alikuwa anasonga ugali wa uwele kwa nguvu kuliko ulivyohitaji.

"Tungebakiza moja," nilisema. "Picha ni ileile kwenye zote."

"Najua ni ileile. Nimemzaa mimi."

"Sasa?"

Aligeuza ugali, akaupigapiga kwa mwiko. "Sasa mtu anayekuja kupumzika hafutiwi kadi. Ukizifuta umeshasema. Umemwambia mzee, umemwambia baba yako, umewaambia na wale wa Tabora waje wahesabu ng'ombe wao wa mahari pale Mpwapwa. Mimi ndiye nifute?"

"Na Makutupora?"

 Aliniagiza nikaangalie kama mlenda umeiva, na sufuria ya mlenda alikuwa ameshaishika mwenyewe.

Nilirudi sebuleni nikakaa mbele ya mashine. Ningeweza kufanya mwenyewe. Mama asingejua hadi afungue lile fungu. Niliwaza hivyo. Kisha nikawaza kwamba asipojua, atakuwa anafunika na kufunua mashine kila siku akiamini akina dada wale wamo. Kisha nikawaza kwamba pengine dada kweli anakuja kupumzika, kwamba watu huchoka, Tabora kuna joto. Nilikuwa na mawazo ya pande zote mbili na yote yalikuwa na hoja. Nilifunika kompyuta kwa vitambaa vyake.

Dada alifika Ijumaa kwa treni, akaja kutoka stesheni na teksi, jambo ambalo kwetu lilimaanisha mizigo. Ilikuwa mizigo. Begi alilopewa kwenye sendofu, sanduku, fuko la vyombo, na galoni ndogo ya asali ya Tabora ambayo aliishika mwenyewe asimpe dereva. Alikuwa amekonda.

"Shikamoo, mama."

"Marahaba. Umekuja kupumzika."

Dada alimtazama. "Safari ilikuwa ndefu," alisema.

Alikunywa chai. Mama aliulizia treni, akaulizia bei ya mchele Tabora, akaulizia afya ya mama mkwe, akaingia jikoni bila kumuulizia mume. Tukabaki wawili. Dada aliangaza sebule.

"Mbona kompyuta imefunikwa mchana? Hakuna kazi?"

Nilianza kutafuta uongo. Ulikuja mmoja kuhusu umeme, lakini feni ya jirani ilikuwa inasikika. Ulikuja mwingine kuhusu wino.

"Imejaa," nilisema.

"Imejaa nini?"

 Nilimtazama tu, na nadhani nilimtazama vibaya, kwa sababu alijishika kifuani.

"Mimi?"

"Kadi zako. Za sendofu. Mama hataki ziguswe, na Makutupora wanataka za kwao kesho, na hakuna nafasi, na wasipozipata wataenda kwa kijana wa stendi, na..."

Dada alikuwa anacheka. Ndiyo mara ya kwanza alicheka tangu ashuke kwenye teksi. "Nimejaza kompyuta! Kule wananiambia sijazi hata kiti."

Alifunua vitambaa, akavikunja, akaketi. Nilimfungulia. Alijiona, na mkono chini ya kidevu.

"Nani aliniambia niweke mkono hapa?"

"Mhindi wa picha."

"Naonekana naumwa jino."

Akafungua nyingine, akasoma jina la mgeni, akafungua nyingine. Nilitaka kumzuia na nilitaka aendelee. "Huyu diwani," alisema, "alikula sahani mbili, akasimama akaniambia nivumilie. Sijaolewa bado, ananiambia nivumilie." Akafungua nyingine. "Huyu hakuja." Akafungua nyingine, akaitazama kwa muda, akaifunga. Kisha akauliza, bila kugeuka:

"Unafutaje?"

Nilimweleza. Nilimweleza kuhusu kuchagua yote kwa pamoja, kuhusu pipa, kwamba pipa likimwagwa hazirudi, kwamba mashine itauliza kama ana uhakika na kwamba afikirie kwanza, kwa sababu mama...

"Nimekuuliza unafutaje," alisema. "Uhakika sikukuuliza."

Alichagua zote. Mashine ikauliza. Nilianza kusoma swali, na alibonyeza kabla sijafika katikati.

Siku hizo ukifuta mafaili mengi kwa pamoja, mashine ilichora karatasi ndogo zikiruka kutoka upande mmoja wa kidirisha kwenda mwingine, moja baada ya nyingine. Kwa kadi za dada zilichukua muda. Tulikaa tukizitazama zinaruka. Nilisikia hatua nyuma yetu nikageuka. Mama alikuwa mlangoni pa jikoni, ameshika kitambaa cha vyombo. Nilingoja apige kelele. Nilikuwa tayari kusema si mimi, na nilikuwa tayari kusema ni mimi. Hakupiga kelele. Alizitazama karatasi zinavyoruka, macho yakienda nazo upande ule na kurudi, kama mtu aliyesimama kituoni akisoma magari yanayopita.

Dada hakugeuka. Alimwaga pipa. Mashine ikauliza tena, akabonyeza tena.

"Mama," alisema, "nimekubakizia moja."

"Ya nani?"

"Ile yenye vidoti. Haina mtu."

Mama alifuta mikono yake kidole baada ya kidole. "Hiyo ndiyo halisi," alisema. Sauti ilikuwa ya kazi. "Zile zilikuwa nakala."

Alikuja, dada akampisha kiti. Alivaa miwani. Nilichukua orodha ya wageni wa Makutupora, kwa kuwa sikuona kitu kingine ninachoweza kufanya, nikaanza kumsomea. Alichapa jina la kwanza. Printa ikaamka, ikakohoa, ikatoa kadi. Nilikuwa karibu kushangilia, nikaona mkono wake unakwenda kulihifadhi. Faili la kwanza. Akachapa la pili, akalihifadhi. Faili la pili. Chini ya kidirisha palikuwa na namba ya nafasi iliyobaki, kubwa, sijawahi kuiona vile, na kila alipohifadhi ilipungua kidogo. Kwenye kadi hizi mama alikuwa ameweka picha ya pete na mzabibu.

"Mama, si lazima uhifadhi kila..."

"Mwache," dada alisema kutoka kwenye mkeka.

Nilimwacha. Nilisoma majina, huku nikipiga hesabu kichwani ya harusi ngapi zingine zitaingia kabla haijajaa, na nani atalala wapi usiku, kwa kuwa kitanda changu kilikuwa pia cha dada kabla hajaolewa, na jinsi baba atakavyoambiwa, iwe kwa simu au ana kwa ana.

Mzee wa masjala alibisha hodi. Alikuja kuulizia karata zake kama zimesalimika, nikamwambia zimesalimika. Ndipo akamwona dada pale chini, na mizigo yake bado imeegemea ukuta.

"Aa, binti yetu. Karibu. Umekuja kupumzika?"

Dada alinyanyuka kumwamkia. "Shikamoo, mzee. Hapana. Nimerudi."

Vidole vya mama vilisimama juu ya kibodi. Hakugeuka. Mzee alisema "Marahaba, marahaba," akakaa, akaivua kofia, akaivaa tena. Printa ilimaliza kadi iliyokuwa ndani yake, ikanyamaza. Nilishika orodha nikitafuta kitu cha kusema, na kila nilichokipata kilikuwa kimechelewa.

"Haya," mama alisema, akikitazama kioo. "Anayefuata nani?"

Nilimsomea. Alichapa, akalikagua jina herufi kwa herufi, akalihifadhi.